Ndege ya usiku haiko sayansi ya wazee wetu



Kuna neno moja linalotembea katika mji wetu, kwenye kilio, kwenye basi, kwenye mikutano ya jamaa, na sasa hata katika kinywa cha watu wenye diplome. Wanasema: « Bazungu beko na ndeke ya muchana, shiye tuko na ya bufuku. » Maana yake ni kwamba wazee wetu walikuwa tayari na chombo cha kusafiria kwa kufumba na kufumbua macho: mtu anaondoka Lubumbashi watu wakilala, anafanya kazi yake Bruxelles, anarudi mbele ya jogoo kuwika. Wengine wanaongeza kwamba chombo hicho kinaweza kumrudisha mtu kwa wafu wa zamani, ao kumpeleka katika siku ambazo hazijafika. Ni ganda la karanga tu, wanasema, lakini ndani yake watu arobaini wanakaa na nafasi inabakia. Tena wanamaliza kwa kutuhukumu sisi walimu: hii ni sayansi yetu, na sisi tunaikataa kwa sababu tulipotezwa na masomo ya wapadri.

Mwisho nimeisikia kwa mtu anayefundisha. Tena anafundisha fizikia. Kurasa hizi ninaziandika juu ya kumjibu, yeye pamoja na wote waliompigia makofi siku ile.

Nianze na mila, sababu kitabu chetu hiki ni cha mila. Wanatuambia kwamba ndege ya usiku ni urithi wa wazee. Wazee gani? Ndege ya kwanza kutoka Ubelgiji kufika Léopoldville ilitua tarehe 3 Aprili 1925. Rubani wake aliitwa Edmond Thieffry, na safari ilimchukua siku 51. Mbele ya mwaka ule, mzee wa Kamina ao wa Kasenga angetoa wapi neno « ndege » kwa maana ya chombo chenye viti? Wazee walisema mambo ya walozi, ni kweli, hakuna anayekataa. Walisema mtu anageuka simba, anageuka bundi, roho yake inatoka inatembea na mwili unabaki kwenye mkeka. Hakuna mzee aliyesema habari ya rubani na tikiti. Wazungu walipoleta ndege, walozi nao wakapata ndege. Leo ninaambiwa kwamba wako na Boeing, wako na aeroporti, wako hata na wasichana wa kugawa chakula ndani. Ikiwa ni urithi wa wazee, ni urithi wa ajabu sana, huu unaongojea Muzungu atengeneze kitu kipya kusudi nao upate umbo jipya.

Wazee wa Lubumbashi wanaikumbuka hadithi ya mitumbula, ile iliyotisha watu wa Élisabethville katika miaka ya 1940: watu waliokamatwa usiku, wakapelekwa kwa Wazungu, wakaliwa. Hakuna anayetetea leo kwamba mitumbula ilikuwa sayansi. Tunaelewa wote kwamba ilikuwa namna ya watu kusema jinsi walivyouona utawala ule: mtu anaingia kazini, anatumika mpaka anakwisha. Hadithi ilikuwa na maana, na ukweli wake ulikuwa katika maana ile. Sasa kwa nini ndege ya usiku isipimwe kwa kipimo hicho hicho?

Hapa ndipo ninapotaka kukaa kidogo, maana watu wanafikiri kwamba chombo cha namna hii kiko cha Waafrika peke yetu. Hapana. Waingereza wako nacho, Wamarekani wako nacho, na wanakipenda kuliko sisi. Mwaka wa 1895 Mwingereza H. G. Wells alitoa kitabu The Time Machine, ambacho wengi wetu tulikisoma kwa Kifaransa. Mtu wake anatengeneza mashine ya nikeli, ya pembe za tembo na ya kioo cha mawe. Anapanda juu yake kama mtu anayepanda kinga, anasukuma wenzo, na anafika mwaka 802.701. Angalia vizuri: mashine ile haitoki mahali pake. Iko pale pale karibu na London, ni miaka tu inayopita. Na anakuta nini huko? Anakuta watu wamegawanyika aina mbili: wazuri walio juu ya inchi, wanaocheza tu na kula matunda, na wengine walio chini ya udongo, kwenye giza, wanaotumikisha mashine, na usiku wanapanda kuwala wale wa juu. Wells alikuwa anasema habari za Uingereza ya siku zake, matajiri na wafanyakazi wa viwanda. Kwa sisi wa inchi ya migodi, habari ya watu wa chini ya udongo haihitaji mwalimu wa kuifasiria.

Baadaye, tarehe 23 Novemba 1963, televizioni ya BBC ilianza kuonyesha mchezo uitwao Doctor Who. Mule muna kibanda cha rangi ya samawati, kama vile polisi wa Uingereza walivyoviweka barabarani kwa kupigia simu. Kibanda kile kinakwenda popote na wakati wowote, toka siku za Warumi hadi mwisho wa dunia, na ndani yake ni kikubwa kuliko inje. Hebu tulinganishe. Ganda la karanga linaloingiza watu arobaini, na kibanda cha polisi kilicho kikubwa ndani kuliko inje: ni fikra ile ile moja! Mtoto wa London na mtoto wa Kenya (ninasema komini ya Kenya, ya hapa kwetu) wanaota ndoto moja. Tofauti ni moja tu. Kule Uingereza hakuna mtoto aliyepigwa, akanyimwa chakula siku tatu na akafukuzwa kwao kwa sababu jirani aliota kwamba amemwona akiingia katika kibanda kile.

Wamarekani nao, katika mchezo wao Star Trek ulioanza mwaka wa 1966, walifikiri mashine inayomvunja mtu hapa na kumjenga upya kule, bila safari. Unajua kwa nini waliifikiri? Feza zilipunguka. Kuonyesha chombo kikubwa kinatua juu ya kila nyota kungekuwa bei kali, basi wakasema: mtu atoweke tu, atokee kule. Jambo hili ninalipenda sana, juu linatufundisha kitu. Chombo cha kusafiri ghafla kinazaliwa mahali ambapo safari yenyewe ni ngumu. Mtu aliyengoja train kwenye gare wiki mbili na mizigo yake, mtu aliyekataliwa viza mara tatu na kila mara analipa, mtu ambaye ndugu yake alikufa Mbuji-Mayi na hakupata namna ya kufika kwa maziko: huyo, akiota ndege isiyodai tikiti, mimi nitamcheka? Sitamcheka. Ndege ya usiku ni hadithi ya watu wasio na barabara. Ukiisikiliza hivyo, ni hadithi nzuri, tena yenye uchungu. Ningeifundisha darasani pamoja na zile za Kabundji na za mazimwi.

Lakini mwenzangu wa fizikia hataki hadithi, anataka sayansi. Amesema Einstein ameruhusu. Basi tuongee sayansi.

Mwaka wa 1905 Einstein alionyesha kwamba hakuna kitu kinachoupita mwendo wa mwanga, na mwanga unakwenda karibu kilometa 300.000 kwa sekunde. Ni mbio kubwa, lakini haiko ghafla: toka jua hadi kwetu mwanga unatumia dakika nane na zaidi. Ni kweli pia kwamba mwendo unageuza saa. Katika mwezi wa Oktoba 1971, wataalamu wawili Wamarekani, Hafele na Keating, walichukua saa nne za atomu, wakazizungusha dunia yote ndani ya ndege za kawaida za abiria, mara moja upande wa mashariki na mara moja upande wa magharibi. Waliporudi, saa zile zilikuwa zimeachana na zile zilizobaki chini. Kiasi gani? Upande mmoja, sehemu 59 za bilioni moja za sekunde zilipotea. Upande wa pili, sehemu 273 ziliongezeka. Hiyo ndiyo safari ya kweli katika wakati ambayo mtu aliipima. Haitoshi hata kufumba jicho. (Sisi wa Lubumbashi tuko na ya bei rahisi: panda ndege ya kwenda Kinshasa, ukitua unarudisha saa yako nyuma mara moja. Lakini hiyo ni kazi ya serikali, Einstein hakuitia mkono.)

Amesema tena kwamba wataalamu wamekwisha kufaulu kuhamisha kitu bila safari, kule Innsbruck, Austria, mwaka wa 1997. Wamehamisha nini? Hali ya chembe moja ya mwanga. Hawakuhamisha mtu, wala kuku, wala ganda la karanga lenyewe. Na hata hiyo hali ya chembe haifiki mpaka habari nyingine itumwe kwa njia ya kawaida, ambayo nayo haiupiti mwanga. Mwalimu anayesoma nusu ya habari mbele ya watu na kuacha nusu nyingine mfukoni, tumwite nani?

Sayansi iko na desturi moja ambayo ulozi hauna: inaanguka mchana. Wazee wa Katanga ya kaskazini wanakumbuka roketi za kampuni ya Wadachi, OTRAG, zilizorushwa katika Shaba miaka ya 1977 na 1978. Ya kwanza iliruka. Mwaka wa 1978 nyingine ikaanguka mbele ya macho ya Rais Mobutu mwenyewe, aliyekuja kuitazama. Hakuna aliyesema kwamba ilifika mbinguni ila wasio na macho mane hawakuiona. Ilianguka, ikaandikwa kwamba ilianguka. Ndege ya usiku nayo inaanguka, tunaambiwa, lakini kila mara inaanguka katika lupango la mjane, ao la mzee asiye na watoto wa kumtetea. Haijaanguka hata siku moja katika lupango la mkubwa.

Na hapa ninaacha mchezo.

Mambo haya yangekuwa maongezi ya pombe tu, nisingepoteza wino. Lakini chombo hiki cha uongo kiko na abiria wa kweli, na wengi wao hawajamaliza miaka kumi na mbili. Ni yatima anayelelewa na shangazi, ni mtoto wa mke wa kwanza, ni yule anayekojoa kitandani, ni yule mwenye kifafa, ni yule mwenye akili kuliko wengine. Baba akipoteza kazi, wanamtafuta aliyeipeleka kazi ile Ulaya na ndege ya usiku. Pasta wa kanisa la uamsho anafunga mtoto siku kadhaa bila chakula, bila maji. Siku ya tatu mtoto anakubali. Anasema: ndiyo, niliruka, nilikuwa rubani, tulimla mtoto wa jirani. Na watu wazima, wamoja wenye lisanse, wanasema: umesikia? Ameungama mwenyewe!

Nimekaa mbele ya watoto miaka zaidi ya makumi mawili. Kila mwalimu anajua jambo hili, hata yule wa fizikia: mtoto anayeulizwa na mkubwa mwenye hasira hatafuti ukweli, anatafuta jibu litakalomaliza maulizo. Mwaka mmoja niliwapa wanafunzi wa darasa la kwanza la sekondari kazi ya kuandika habari ya ndege ya usiku, kila mmoja jinsi alivyoisikia. Mtoto wa cheminot aliandika ndege yenye behewa na filimbi. Mwenye televizioni kwao aliandika ndege yenye ekra mbele ya kila kiti. Mmoja ambaye mamaye anauza mikate aliandika kwamba abiria wanalipa kwa mikate. Kila mtoto alijenga ndege yake kwa mbao alizozipata nyumbani. Ungamo la mtoto mwenye njaa nalo linajengwa hivyo hivyo.

Watu waliochunguza wameandika. Human Rights Watch walitoa ripoti yao mwaka wa 2006 juu ya watoto wa barabarani katika miji ya Congo, Lubumbashi pamoja, na mule muna kurasa nyingi za watoto waliofukuzwa kwa neno hili la ulozi. Katiba yetu ya tarehe 18 Februari 2006, katika artikle ya 41, inakataza kumshitaki mtoto ulozi. Sheria ya kulinda mtoto ya tarehe 10 Januari 2009 imeweka kifungo cha mwaka mmoja hadi mitatu kwa anayefanya hivyo. Sheria iko. Lakini sheria itafanya nini, ikiwa yule anayepaswa kuieleza darasani anasimama kwenye mkutano na kusema ndege iko kweli, tena ni fahari ya taifa? Fahari hii iko na bei, na anayeilipa ni shege aliyelala chini ya meza za soko.

Watanijibu: basi wewe unasema wazee wetu hawakuwa na kitu. Sivyo. Hasira yangu yenyewe inatoka hapo, sababu wazee walikuwa na chombo cha kusafiri katika wakati na katika inchi, nao kilikuwa cha kweli, kilishikwa kwa mkono, na hawa wanaojivunia ganda la karanga hawajui hata jina lake.

Jina lake ni lukasa. Kwa Waluba, watu wa chama cha mbudye walikuwa na ubao mdogo, mwembamba katikati, unaoenea katika kiganja cha kushoto. Juu yake mulipachikwa shanga na maganda ya konokono, ao muliandikwa alama kwa kuchonga. Mwenye kufundishwa anauwekea kidole cha mkono wa kuume, anafuata shanga na kusema. Shanga moja kubwa iliyozungukwa na ndogo ni mfalme na watu wake. Mstari wa shanga ni njia, watu wametoka hapa wamefika pale. Kidole kikisogea kidogo tu, tumeondoka kwa Nkongolo Mwamba, mfalme mwekundu na mkali, tumefika kwa Mbidi Kiluwe, mwindaji aliyetoka mashariki. Kinasogea tena, Kalala Ilunga mwanawe yuko anacheza ngoma juu ya shimo alilotegewa, na mpiga ngoma anamwonya kwa mdundo. Maziwa, mito, makao ya wafalme waliokufa, vyote viko pale, katika ubao usiopita urefu wa mkono.

Na haukusomeka ovyo. Mtu alifundishwa, akapanda daraja baada ya daraja ndani ya mbudye, mpaka akahesabiwa kati ya bana balute, watu wa kumbukumbu. Aliposema, wengine wenye kujua walikuwa wanasikiliza, na kila mara alisoma kufuatana na shauri lililoleta watu, ikiwa ni habari ya kiti cha ufalme ao mapatano juu ya inchi. Mnaona tofauti? Mtu wa lukasa anasema mchana, mbele ya mashahidi, kwa kazi ya kujenga utawala. Mtu wa ndege ya usiku hana shahidi, ila mtoto aliyelala njaa.

Mtaniambia kwamba ninavutia kwa Waluba. Pengine. Wengine wako na vyao, na ningefurahi kuvisoma katika kurasa hizi kuliko kusoma mara ya kumi habari ya « sayansi nyeusi ». Lukasa leo ukitaka kuiona, moja iko Brooklyn Museum kule New York. Mwaka wa 1996 Mary Nooter Roberts na Allen Roberts walifanya maonyesho makubwa na kitabu kizima juu ya kumbukumbu za Waluba, kule kule New York. Wamarekani walisimama kwenye mstari wakalipa kuangalia. Mimi nimeuliza darasa la sita la masomo ya ufundishaji, vijana thelathini na wawili, ambao kesho ndio watakuwa walimu wa wadogo: lukasa ni nini? Wawili walinyoosha mkono. Mmoja alisema ni kiganja cha mkono. Habari ya ndege ya usiku waliijua wote thelathini na wawili, pamoja na namba ya viti.

Mwenzangu amepanga kunijibu katika kitabu kifuatacho cha chama chetu, na ninafurahi, nafasi iko. Alete jibu lake, tutalisoma. Ninamwomba tu aandike ndani yake, kama afanyavyo mwalimu wa fizikia kwenye ubao, saa ya kuondoka, saa ya kufika, uzito wa abiria, na jina la mtu mzima mmoja aliyekubali kupimwa.